Kuku sabzi si kimanda chenye majani

Kuku sabzi ni chakula cha Kiirani: majani mabichi ya kunukia, mengi mno, yanakatwakatwa na kushikanishwa kwa mayai, kisha yanaokwa au kukaangwa taratibu hadi yawe andazi zito la kijani linalokatwa vipande. Hakina nyama ya kuku. Katika Kiajemi, kuku ni jina la jamii nzima ya mapishi haya, na ndege mwenyewe huitwa morgh. Kwa hiyo hapa tunasema "kuku hii", si "kuku huyu". Huandaliwa hasa wakati wa Nowruz, mwaka mpya wa Kiajemi unaoangukia Machi 20 au 21, ikaliwa na samaki na wali uliopikwa kwa majani.

Kinachokera ni kuambiwa kila mara kwamba hiki ni "kimanda cha Kiirani". Kimanda ni mayai yaliyotiwa vikorombwezo. Kwenye kuku, mayai ni gundi tu, na jina hufuata kile kilicho kingi: kuku sibzamini ni ya viazi, kuku bademjan ni ya biringanya. Ukishaelewa hivyo, vipimo vinajieleza. Kwa mayai 5, pima pasli gramu 100, giligilani (dania) gramu 100, vitunguu majani gramu 100 na shibiti (dill) gramu 50. Upimaji huo ni baada ya kutoa vikonyo vigumu. Wairani hutumia pia tareh, jani la jamii ya liki, pale vitunguu majani vilipo. Ukichanganya, bakuli lionekane limejaa majani yaliyolowa mayai. Ukiona mayai yanaelea juu, umezidisha mayai.

Neno sabzi nalo linapotoshwa. Waliolizoea kwenye mapishi ya Kihindi, ambako ni mboga yoyote iliyopikwa, hutia karoti, hoho, hata kabichi. Katika chakula hiki sabzi ni majani ya kunukia, basi. Hoho hutoa maji na kufanya katikati palegee, na harufu ya shibiti, ambayo ndiyo roho ya chakula chenyewe, inafunikwa.

Maji ndiyo adui mkubwa. Osha majani mapema, yatandaze juu ya taulo safi, usiyakate mpaka yakauke kabisa. Kata kwa kisu kikali. Blenda huyaponda yakatoa juisi, na unachopata ni uji wa kijani-kijivu unaotoa maji chini ya trei. Chumvi nayo huvuta maji, kwa hiyo itie mwishoni, oveni ikiwa tayari imepata moto.

Piga mayai na nusu kijiko cha chai cha manjano, nusu cha pilipili manga, kijiko kimoja cha chai cha bekin pauda na kimoja cha chakula cha unga wa ngano. Majani makavu ya uwatu yasizidi kijiko kimoja cha chakula. Yakizidi, uchungu wake hauondoki. Jozi (walnut) zilizokatwakatwa, kiganja kimoja, zinapendeza. Zereshk, vitunda vidogo vyekundu vyenye uchachu, vioshe mara mbili tatu maana huwa na mchanga, kisha uvichanganye ndani. Vikibaki juu huungua kabla ya mayai kushika.

Washa oveni nyuzi 180. Tia vijiko 4 vya chakula vya mafuta kwenye trei ya duara ya sentimita 24, iingize dakika 5 ipate moto. Hatua hii wengi huiruka, halafu wanalalamika kwamba imeganda chini. Sasa tia chumvi kijiko kimoja cha chai, koroga, mimina. Lazima usikie inachachatika ukingoni. Oka dakika 25 hadi 30. Juu patakuwa kahawia iliyokolea, wala haijaungua. Ndani pabaki kijani kibichi. Iache ipoe dakika 10 kabla ya kukata, la sivyo inamomonyoka. Huliwa kwa mkate na mtindi, na ikiwa baridi ndiyo wengi huipenda zaidi.

Kama nyumbani una mayai 8 na fungu moja dogo la dania, pika tu, utakula vizuri. Ila hicho ni kimanda, na kukiita kimanda hakukipunguzii utamu.