Samaki wa miambani na sumu isiyojitangaza: yasemwayo na yaliyo kweli

Samaki amevuliwa alfajiri, amepikwa mchana, ameliwa kwa sifa. Usiku waliomla wanatapika na kuharisha, na midomo inawachonyota. Lawama zitamwendea mpishi, au mvuvi, au barafu iliyoyeyuka njiani. Lakini ikiwa ugonjwa wenyewe ni siguatera, wote hao hawana kosa. Chanzo ni kimea cha baharini kisichoonekana kwa macho, Gambierdiscus, kinachojishika kwenye mwani na kwenye matumbawe yaliyokufa. Samaki anayekula mwani hukimeza, naye huliwa na mkubwa wake, na sumu hupanda hivyo hivyo kutoka tumbo hadi tumbo ikijilimbikiza.

“Samaki mbichi hana neno.” Macho maangavu na matamvua mekundu hukuambia kwamba samaki hajaanza kuoza, basi. Kuna sumu inayotokana na kukaa kwenye joto, nayo ni histamini ya jodari na vibua. Hiyo ndiyo barafu huizuia. Siguatoksini, yaani sumu ya siguatera, huwamo mwilini tangu samaki yu hai, akiogelea mzima kabisa. Na ile methali ya samaki mmoja akioza haifai hapa: katika tenga moja mmoja anaweza kuwa na sumu na jirani yake asiwe nayo.

“Ziko njia za kumjaribu.” Imani hii ndiyo hatari kuliko zote, kwa sababu humpa mtu ujasiri. Husemwa kwamba sarafu ya fedha ikiwekwa juu ya minofu yenye sumu hugeuka nyeusi, au kwamba nzi na sisimizi humkwepa samaki huyo. Hakuna hata moja lililo kweli. Sumu hii haina rangi, harufu wala ladha. Angalau wanaomwonjesha paka wana mantiki fulani, kwani paka naye huugua; ila kipande alichopewa chaweza kuwa kidogo mno, na wenye nyumba huwa wameshakula kabla dalili hazijamtokea. (Paka mwenyewe hakuulizwa.) Kiwango ambacho mamlaka ya chakula ya Marekani inakitumia kama mpaka wa usalama kwa siguatoksini ya Pasifiki ni mikrogramu 0.01 katika kilo, sawa na gramu 1 ndani ya tani 100,000 za samaki. Kiasi hicho hutafutwa maabara.

“Mpike sana.” Wanaosema hivi wanafikiria vijidudu, na vijidudu kweli hufa kwa moto. Siguatoksini haina uhai wa kutolewa. Haivunjwi na kuchemsha, kukaanga wala kuchoma; haiondolewi na chumvi, moshi, ndimu, siki au friza. Kinachopunguza hatari ni kuacha kichwa, ini na mayai, maana humo sumu hujaa zaidi kuliko kwenye minofu. Kupunguza tu, si kuimaliza.

Wengine husema ukiepuka samaki wakubwa umepona. Ni ushauri mzuri kwa mizia, mikunga na chewa wakubwa, na mkunga mkubwa mimi nisingemgusa. Lakini uzito si kipimo cha uhakika: pono na kangaja, samaki wanaokula mwani na wasio wakubwa hivyo, wamewahi kuwaumiza watu huko Pasifiki.

Wala usingoje bahari igeuke nyekundu kuwa ishara ya sumu. Gambierdiscus hukaa chini, na maji juu yake yaweza kuwa safi kama kioo. Penye matumbawe yaliyokufa, kwa dhoruba, kwa ujenzi au kwa joto la bahari, mwani hupata pa kuota, na kimea hiki hupata pa kushika. Si tatizo jipya pia. Mabaharia wa nahodha Mwingereza James Cook waliugua hivi mwaka 1774 katika visiwa ambavyo sasa ni Vanuatu, na jina siguatera lilitoka kwa konokono wa bahari anayeitwa “cigua” huko Kuba. Kimea chenyewe kilitambuliwa katika miaka ya 1970, kwenye visiwa vya Gambier, Polinesia ya Kifaransa. Wala si balaa la tropiki peke yake: mwaka 2004 samaki aliyevuliwa Visiwa vya Canary, vilivyo nje ya tropiki, aliwaugulisha waliomla.

Dalili nayo husimuliwa vibaya. Watu husema mgonjwa huhisi moto kuwa baridi na baridi kuwa moto. Waliopimwa waliweza kutofautisha viwili hivyo. Ila baridi ndiyo inayowaunguza. Glasi ya maji baridi mkononi huwa kama kaa la moto. Sababu ni kwamba sumu hulazimisha milango inayopitisha sodiamu katika neva, yaani mishipa ya fahamu, kubaki wazi, nazo hupeleka habari zisizo za kweli.

“Ukishaugua mara moja umechanjwa.” Kinyume chake: mara ya pili huweza kuwa kali zaidi, na hata pombe, karanga au samaki asiye na sumu huweza kurudisha mwasho na ganzi baada ya wiki au miezi.

Dawa ya kuiondoa sumu hii haipo. Manitoli, dawa inayotiwa kwenye mshipa, ilisifiwa kwa miaka, lakini utafiti uliochapishwa mwaka 2002 uliilinganisha na maji ya chumvi ya hospitali na haukuona tofauti. Vifo ni vichache. Mgonjwa ambaye mapigo ya moyo yanapungua au pumzi inambana apelekwe hospitali mara moja, na aseme alikula samaki gani.