Kutawazwa si kuapishwa, na kiini chake si taji

Wiki iliyopita nimesikia tena redioni kwamba rais wa nchi fulani "ametawazwa" uwanjani mbele ya maelfu ya wananchi. Rais haoni taji wala kiti cha enzi siku ile. Anashika kitabu, anaapa, anatia sahihi, mizinga inapigwa. Mei 2023 kosa lilikuja kwa upande wa pili: Charles III wa Uingereza yuko kanisani Westminster, London, kumbe studioni tunaambiwa "leo Charles anakuwa mfalme," ilhali alikuwa mfalme tangu tarehe 8 Septemba 2022, siku aliyofariki mama yake.

Maana yenyewe haina mambo mengi. Kutawazwa ni kuwekwa rasmi katika ufalme kwa ibada na kwa alama za ufalme. Kamusi zitakupa hivyo au karibu na hivyo. (Sisi wa pwani neno hilo tunalo pia kwa kazi ya kila siku: mtoto akitoka msalani huitwa akatawazwe, kwa kopo la maji. Bibi yangu aliposikia mtu mzima anatawazwa hadharani alicheka mpaka akakohoa.)

Kinachonikera ni hilo taji. Kila anayeeleza jambo hili anaanza na taji na kuishia na taji, kama kwamba Ulaya ya Zama za Kati mtu alikuwa mfalme kwa sababu ya kofia ya dhahabu. Kwa watu wa zama zile, kiini cha ibada kilikuwa mafuta. Taji lilifuata baadaye, pamoja na pete, upanga na fimbo.

Kiswahili chenyewe kingetusaidia tukikisikiliza. Chukua neno Masihi. Wengi tunalitumia kana kwamba ni jina la mtu mmoja tu, lakini fungua Samweli wa Kwanza: Daudi yuko pangoni, Sauli anayemwinda yumo humo humo, na Daudi anakataa kumdhuru kwa sababu Sauli ni "masihi wa Bwana." Masihi ni mpakwa mafuta, basi. Kiebrania kina mashiakh, Kiarabu al-Masih, na mzizi wa Kiarabu ni kupitisha mkono juu ya kitu, kupangusa, ule ule ambao Mwislamu anaufanya katika udhu anapopaka maji kichwani. Wagiriki walipotafsiri wakasema Khristos, kutokana na kitendo cha kupaka, na mafuta yenyewe wakayaita khrisma. Wakatoliki wanalo neno hilo mdomoni hadi leo, krisma, mafuta ya zeituni yaliyotiwa zeri, ambayo askofu huyabariki katika Juma Kuu, kabla ya Pasaka, na kuyatumia kwa kipaimara. Nimetumikia altareni utotoni. Harufu yake haitoki mkononi kwa kunawa mara moja.

Kwa hiyo askofu wa karne ya 8 alipompaka mfalme mafuta, hakuwa anampamba. Alikuwa anamfanya Sauli, anamfanya Daudi. Wavisigothi wa Hispania walitangulia, maana mfalme wao Wamba alipakwa Toledo mwaka 672. Kwa Wafaranki, waliotawala Ufaransa ya leo, ilianza na Pipino mwaka 751, na sababu ilikuwa ya wazi kabisa: ufalme haukuwa wa ukoo wake. Alikuwa amemwondoa mfalme halali, na mtu asiye na damu ya kifalme anahitaji kitu kingine cha kumtetea. Mwaka 754 Papa Stefano II akampaka tena, pamoja na wanawe.

Ukitaka kuona uzito wa mafuta na wepesi wa taji, nenda Reims, Jumapili tarehe 17 Julai 1429. Charles VII wa Ufaransa amefiwa na baba yake tangu 1422, lakini Paris iko mikononi mwa Waingereza, na abasia (nyumba ya watawa) ya Saint-Denis yenye taji la wafalme nayo vile vile. Jeanne d'Arc, msichana aliyemfikisha pale kwa vita, alikuwa akimwita Dauphin, yaani mrithi, mpaka siku ile. Taji halipo. Likatafutwa jingine pale pale Reims, likatumika, shughuli ikaisha.

Mafuta hayakuwa na mbadala wa namna hiyo. Abasia ya Saint-Remi ilitunza chupa ndogo iliyosemekana kuletwa na njiwa kutoka mbinguni siku ya ubatizo wa Clovis, mfalme wa kwanza Mkristo wa Wafaranki. Abati akaibeba, mabwana wanne wenye silaha wakamsindikiza, wakaingia na farasi mpaka ndani ya kanisa kuu. Askofu mkuu alichovya sindano ya dhahabu, akatoa chembe isiyozidi punje ya ngano, akaichanganya na krisma. Vazi la mfalme lilikuwa na matundu ya kufunguliwa kwa kamba ili mafuta yafike kifuani, mgongoni na mabegani. Miaka miwili baadaye Waingereza nao wakamleta mtoto wao Henry VI, wakamvika taji la Ufaransa ndani ya Notre-Dame ya Paris. Taji analo, ila chupa ya Reims hana. Wafaransa wengi hawakushtuka.

Mapapa waliuelewa uzito huo, na hawakuupenda. Mwaka 1204 Innocent III aliagiza kwamba krisma ya kichwani ni ya askofu, na mfalme apakwe mafuta ya kawaida mkononi. Wafaransa waliendelea kumpaka wao kichwani.

Na wako waliokuwa wafalme bila mafuta. Waskoti walimketisha mfalme wao juu ya jiwe pale Scone. Mwaka 1249 Alexander III, mtoto wa miaka 7, aliketishwa hapo huku mzee akimsomea nasaba yake kwa Kigaeli, jina baada ya jina. Ruhusa ya mafuta ilitoka kwa Papa mwaka 1329, na David II akawa wa kwanza kupakwa, 1331. Mimi ile ya jiwe ningeiita kusimikwa. Simika ni ndugu wa simama. Unasimika nguzo, unasimika mlingoti, unasimika chifu. Kikao kile cha Scone na mzee wake wa nasaba kingeeleweka vizuri na wazee wengi wa huku kwetu.

Kiapo nacho kilikuwepo. Edgar wa Uingereza alipotawazwa Bath mwaka 973 aliahidi kwanza mambo matatu kwa watu wake, ndipo akapakwa. Nadhani hapa ndipo watangazaji wanapoteleza: wanaona kiapo pande zote mbili. Kwa mfalme yule kiapo kilifungua mlango wa ibada. Kwa rais, kiapo ndicho mlango, chumba na kitanda.

Kuhusu Charles na "leo anakuwa mfalme," ningewasamehe kama wangekuwa wanazungumzia karne ya 12. Wakati huo miaka ya mfalme ilihesabiwa tangu siku ya kutawazwa. Edward I ndiye aliyeibadili desturi Uingereza: baba yake alikufa Novemba 1272 yeye akiwa mbali, njiani kutoka vita vya msalaba, utawala wake ukahesabiwa tangu mwezi ule, na mafuta akayapata Agosti 1274. Kwa hiyo, ndugu mtangazaji, "leo mfalme anatawazwa" inatosha. Na wakati anapakwa, kamera haionyeshi. Charles naye walimzungushia viambaza. Hapo unaweza kunyamaza kidogo.