Kurekebisha hendibreki: ni nini hasa kinachorekebishwa?

Nenda gereji ya Malindi ukamwambie fundi, "Fundi, hebu nikazie hendibreki." Mara nyingi atafungua kifuniko cha plastiki kilicho katikati ya viti, atashika spana namba 10, atazungusha nati mara tatu nne, na kazi imekwisha. "Haya mzee, jaribu." Mkono uliokuwa ukipanda hadi juu sasa unasimama chini, tena mgumu, na mwenye gari anaondoka roho safi. Miezi michache baadaye yuko pale pale na malalamiko yale yale. Alichofanyiwa ni kukaziwa waya. Kurekebisha hendibreki ni kazi nyingine, na katika kazi hiyo waya huguswa mwisho kabisa.

Maana yake ni hii: kuirudisha nafasi ndogo inayotakiwa kuwepo kati ya viatu vya breki na dramu, yaani lile bakuli la chuma linalozunguka pamoja na gurudumu, kisha kuupa waya urefu unaolingana na nafasi hiyo, ili mkono ukivutwa magurudumu mawili ya nyuma yashike kwa nguvu sawa, na ukishushwa yaachie kabisa. Hilo la kuachia kabisa watu hulisahau, nalo ndilo linalomaliza laini za breki kimya kimya.

Gari dogo la kawaida, tuseme Probox au Vitz, lina breki za namna mbili. Ya mguu inatumia mafuta ya breki: ukikanyaga, mafuta yanasukumwa kwenye mabomba hadi magurudumu yote manne. Ya mkono haina mafuta hata tone. Mkono unavuta waya, waya unapita chini ya gari, na kuna kipande cha chuma kinachogawa nguvu ya mvuto huo sawasawa kwa nyaya mbili, kila mmoja ukienda kwenye gurudumu lake la nyuma. Ndani ya dramu mna viatu viwili vya chuma vilivyopinda, vimevishwa laini, yaani lile gamba gumu linalosugua. Waya ukivutwa, wenzo mdogo ulio humo ndani unavitanua viatu, navyo vinabana ukuta wa dramu. Kwa kuwa njia hii haitegemei mafuta, hata bomba likipasuka bado unabaki na kitu cha kulizuia gari. Kanuni ya Umoja wa Mataifa namba 13-H, inayohusu breki za magari madogo, inataka breki hii peke yake iweze kulishika gari lenye mzigo kamili kwenye mwinuko wa asilimia 20, yaani panda mita 1 kwa kila mita 5 unazokwenda mbele, bila mkono kuhitaji kuvutwa kwa nguvu inayozidi nyutoni 400.

Malindi mjini huna pa kuupata mwinuko wa namna hiyo. Mji ni tambarare, dereva anaegesha, anatia gia, anashuka, na hendibreki inakaa wiki nzima haijaguswa. Siku anayoikumbuka ni siku yuko Likoni, gari limeelekea chini kwenye mteremko wa kuingilia feri, mbele kuna watu na mikokoteni. Siku hiyo mkono unapanda wote na gari bado linateremka.

Kwa nini ulegee na hautumiki? Hapa ndipo penye ufundi wenyewe. Kati ya viatu viwili kuna kifaa ambacho mafundi hukiita ajasta: ni kijiti chenye uzi wa skrubu na kigurudumu chenye meno. Laini zinaposagika kwa breki ya mguu, nafasi kati yake na dramu inapanuka, na ajasta inatakiwa ijirefushe yenyewe ili kuifidia. Katika baadhi ya magari hujirefusha unapokanyaga breki, katika mengine unapokanyaga ukirudi nyuma, na yako mengi ambayo hujirefusha pale tu unapovuta na kushusha hendibreki. Kwa magari hayo ya mwisho, asiyeitumia hendibreki ndiye anayeiua. Ongeza chumvi ya bahari, ambayo hapa haichagui kati ya gari la hoteli na pikapu ya kuvutia boti ufukweni, na ule uzi wa ajasta unashikwa na kutu. Kuanzia hapo hata ukiuvuta mkono kila siku, kigurudumu hakizunguki tena.

Sasa fikiria kazi ya yule fundi wa nati. Ajasta imeganda, viatu viko mbali na dramu, naye ameivuta ile nafasi yote kwa kufupisha waya. Ni sawa na baharia anayekaza kamba ya nanga ambayo haijashika mchanga: kamba imenyooka, lakini chombo hakijafungwa. Tena kuna madhara zaidi. Ule wenzo mdogo ndani ya dramu unatakiwa, mkono ukiwa chini, urudi hadi kwenye kituo chake. Waya uliokazwa kupita kiasi unaushikilia njiani. Ajasta ya kujirefusha, hata kama ni nzima, haipati tena mwendo wake wa kufanya kazi, na kiatu kimoja kinaweza kubaki kinagusa dramu gari likitembea. Unakwenda Kilifi na kurudi huku gurudumu linachemka, petroli inaliwa, na unasikia harufu ya kuungua ukidhani ni taka za mtu kando ya njia.

Kipimo cha kawaida ni meno, ile sauti ta-ta-ta unayoisikia mkono unapopanda. Kitabu cha gari husema idadi, na kwa magari mengi madogo huwa kati ya 5 na 9 kwa mvuto wa kawaida wa mkono. Ikizidi, kuna nafasi mahali imekua. Ikishika kwenye jino la kwanza, wapo wanaojisifu nayo, lakini mimi gari hilo ningelitilia shaka kwanza.

Kabla ya kushika spana, jua gari lako ni la namna gani. Niliyoyaeleza ni ya dramu nyuma. Subaru nyingi zina diski nyuma, lakini katikati ya diski, kwenye kile kichungu chake, mna dramu ndogo yenye viatu vya hendibreki peke yake. Hizo hurekebishwa kwa njia ile ile, kwa ajasta kwanza. Magari mengine hayana viatu kabisa, waya unavuta kalipa, yaani kile kibanio kinachobana pedi kwenye diski, na namna yake inatofautiana mno kutoka gari hadi gari. Hapo fuata kitabu. Land Rover za zamani, zile Defender zinazopeleka wageni Tsavo kwa lango la Sala, zina dramu moja nyuma ya giaboksi, inayoshika shafti badala ya gurudumu. Gari la namna hiyo ukiliinua gurudumu moja la nyuma kwa jeki, hendibreki haishiki tena, kwa sababu difu, yaani zile gia zinazoruhusu magurudumu mawili yazunguke kwa mwendo tofauti, inaliachia lile lililo hewani lizunguke na lililo chini libiringike. Watu wameangukiwa na magari kwa kutolijua hilo. Breki inayokanyagwa kwa mguu wa kushoto, kama kwenye Noah nyingi, ni waya ule ule ila wa kuuvuta ni mguu. Na kama gari lako lina kitufe chenye herufi P ndani ya duara, basi nyuma kuna mota ndogo za umeme. Hizo hazitaki spana, zinataka kompyuta ya kuziambia zirudi nyuma. Mpelekee mwenye mashine.

Kwa gari la dramu, kazi inawezekana uani kwako. Tatizo la kwanza la Malindi ni mchanga. Jeki inazama, kwa hiyo tandika ubao mpana chini yake. La pili ni jiwe la matumbawe, ambalo kila ua unalo. Kuzuia magurudumu ya mbele, mbele na nyuma, linafaa sana. Kulitia chini ya gari lishikilie uzito, usithubutu. Linapasuka ghafla bila kuonya. Tumia stendi za chuma, mbili. Gari la kuvuta mbele liache kwenye gia. La kuvuta nyuma itabidi liwe huru ili magurudumu yazunguke, basi hakikisha yale mawe ya mbele yamekaa barabara.

Shusha mkono hadi chini, kisha legeza nati ya waya mpaka waya uonekane umelala. Hatua hii inaonekana kama kurudi nyuma, na ndiyo inayorukwa, lakini bila hiyo hujui viatu viko wapi. Toa magurudumu ya nyuma, vuta dramu. Ikigoma kwa kutu, dramu nyingi za Toyota zina matundu mawili yenye uzi usoni. Tia bolti mbili za milimita 8, zikaze kwa zamu, itajisukuma yenyewe. Vumbi utakaloliona usilipulize kwa mdomo wala kwa upepo wa kompresa, kwani laini za zamani huenda zina asbesto. Lifute kwa kitambaa kilicholowa.

Tazama laini. Kikomo kwa Toyota nyingi ni unene wa milimita 1; ikiwa imefika hapo hakuna cha kurekebisha, nunua viatu vipya. Ikiwa imelowa mafuta, silinda ya gurudumu inavuja, na viatu vilivyonyonya mafuta havirudi kuwa viatu. Kisha shughulikia ajasta. Ifungue, isugue kwa brashi ya waya, ipake grisi ya breki inayostahimili joto, kidogo tu kwenye uzi. Fanya upande mmoja umalize ndipo uende wa pili, kwa sababu mbili: ule ambao hujaugusa unakuwa kielelezo cha springi zinakaa vipi, na ajasta ya kushoto na ya kulia zina uzi unaokwenda kinyume. Ukizibadilishana, kila itakapojirekebisha italegea badala ya kukaza.

Rudisha dramu. Kwa bisibisi bapa, kupitia kitundu kilichozibwa kwa kizibo cha mpira nyuma ya gurudumu au usoni mwa dramu, zungusha kigurudumu chenye meno mpaka dramu isizunguke kwa mkono. Sasa rudisha meno kadhaa, kwa idadi ya kitabu chako, hadi izunguke ikiwa na mkwaruzo hafifu tu. Kwenye magari mengi kuna kipande kinachozuia kigurudumu kurudi nyuma, na utahitaji bisibisi ya pili, nyembamba, kukisukuma pembeni. Hapa subira inatakiwa; mikono ya mtu mmoja huwa haitoshi, mwite kijana akumulikie tochi. Magurudumu yakiwa yamerudi, kanyaga breki ya mguu mara kadhaa ili viatu vijipange katikati.

Ndipo waya. Kaza nati kidogo, vuta mkono, hesabu meno, shusha, zungusha magurudumu kwa mkono. Endelea hivyo mpaka hesabu iingie kwenye kipimo. Halafu vuta meno mawili au matatu tu na uzungushe yote mawili: yaanze kusita pamoja. Moja likishika na jingine likizunguka, tatizo liko kwenye ajasta ya upande mmoja au kwenye waya wake, wala nati ya katikati haiwezi kuliponya. Funga nati ya kufungia. Taa ya dashibodi inatakiwa iwake unapoanza kuvuta na kuzima ukishusha. Isipozima, swichi yake chini ya mkono imesogea.

Yako magari ambayo baada ya haya yote mkono unashuka lakini gurudumu linabaki limeshikwa. Huo ni waya uliooza ndani ya ala yake. Kifuniko cha mpira mwishoni kikipasuka, maji huingia. Na gari linalopita njia ya Garsen na Witu wakati Tana imefurika hunywa maji ya tope hadi ndani ya dramu. Mafuta ya kulegeza kutu yatakupa wiki mbili za furaha. Badilisha waya, na ukiweza badilisha wa pande zote mbili.

Jaribu ukiwa tambarare, uani: vuta mkono, tia gia ya kwanza, achia klachi polepole. Gari lisisogee, injini ianze kuzimika. Kisha endesha kilomita chache bila kutumia hendibreki, ushuke, usogeze kiganja karibu na kila rimu ya nyuma bila kuigusa. Joto lilingane. Upande wenye joto zaidi umebanwa, rudisha ajasta yake jino moja au mawili.

Limebaki suala la kuegesha siku nyingi, nalo linawahusu hasa wanaokwenda Lamu. Gari haliendi nawe kisiwani, linabaki Mokowe, wewe unavuka kwa boti, na huko linapigwa na upepo wa chumvi mpaka urudi. Hendibreki iliyovutwa muda wote huo huweza kuganda, laini ikashikana na dramu kwa kutu. Ukipata pahali tambarare, tia gia ya kwanza, au P kwa otomatiki, weka jiwe mbele na nyuma ya tairi, na mkono uushushe. Ukisahau na ukakuta gurudumu limeganda, usikanyage pedeli ya mafuta kwa nguvu kulilazimisha. Lisogeze mbele na nyuma kidogo kidogo; likigoma, toa gurudumu ugonge ukingo wa dramu kwa nyundo, si kwa hasira, mpaka liachie. Kisha tembea taratibu ukigusagusa breki ya mguu ili kutu ing'oke, kabla hujashika njia ya Witu.