Macho Mekundu ya Bibi Si Ushahidi wa Uchawi

Kijana alimleta bibi yake kliniki, akamketisha kwenye benchi, kisha akanivuta pembeni. "Nesi, niambie ukweli. Haya macho ni ugonjwa, au ni yale mambo?"

Nimefanya kazi ya macho katika vijiji vya Kongwa na Mpwapwa, mkoani Dodoma, Tanzania, miaka mingi, na swali hili limenichosha. Ni ugonjwa. Unaitwa vikope, au trakoma kwa jina la kitaalamu. Kongwa yetu imechunguzwa na wataalamu wa trakoma tangu miaka ya 1980, nadra kupata wilaya iliyochunguzwa kama hii duniani, na bado kuna kikongwe anaogopa kwenda kisimani kwa sababu ya rangi ya macho yake.

Wanaosema "macho mekundu, huyo mchawi" hawajawahi kulipindua kope la bibi wakatazama ndani. Vimelea vya trakoma hukaa zaidi machoni mwa watoto wadogo. Hutoka na tongotongo na makamasi, wakabebwa na nzi, vidole, na pindo la khanga lililomfuta huyu kisha likamfuta yule. Anayefuta ni nani? Ni mama, na baadaye ni bibi. Anaambukizwa, anapona, anaambukizwa tena, miaka nenda miaka rudi, na kila mara ndani ya kope panabaki kovu. Makovu yakishakuwa mengi, kope la juu hujikunja kwa ndani na nywele zake zikakwaruza kioo cha jicho kila anapopepesa. Ndiyo maana hatua hii huwapata wanawake kuliko wanaume, na huwapata ukubwani, umri uleule ambao majirani huanza kumhesabia mtu misiba ya mtaa. Macho hayo aliyapata kwa kulea.

Sasa angalia anavyoishi. Jicho lililochubuka halistahimili mwanga, kwa hiyo mchana anajifungia ndani ya tembe au anajifunika khanga usoni, na jua likizama anatoka kwa kuwa ndipo anapopata nafuu. Jirani anasema hutoka usiku tu. Anakutazama amekunja uso kwa maumivu, wewe unasema amekukazia jicho baya. Pindoni amefunga kibano cha kung'olea nywele zinazomchoma, na mtu akikiona anadai ni kifaa cha kazi yake. Ongeza miaka hamsini ya kuchochea kuni kwenye mafiga, ndani ya nyumba isiyopitisha hewa. Usukumani, kule kusini mwa Ziwa Viktoria, kuni zilipoadimika, wengi walipikia kinyesi cha ng'ombe, na moshi ule ni mkali zaidi. Kati ya 1970 na 1984 hesabu za serikali zilionyesha zaidi ya watu 3,000 waliouawa nchini kwa tuhuma za uchawi, wengi wao wanawake, na sehemu kubwa waliuawa Usukumani.

Mwaka 1584 Mwingereza mmoja wa Kent, Reginald Scot, aliyepinga kesi za uchawi za kwao, alieleza washtakiwa walikuwa watu gani: wanawake wazee, viwete, wenye matongo machoni, nyuso zimejaa makunyanzi. Niliposoma maelezo yale niliona benchi letu la kliniki.

Kwa hiyo anayeniambia kuwinda wachawi ni jambo la Waafrika wasiosoma, namjibu kwa kifupi. Ulaya waliuawa kati ya watu 40,000 na 60,000 hivi, wengi wao kati ya 1560 na 1630, mbele ya mahakimu waliosoma vyuo. Mtumishi wa ndani Anna Göldi alikatwa kichwa Glarus, Uswisi, mwaka 1782. Na si wote waliochomwa moto kama watu wanavyodhani: Salem, huko Amerika, mwaka 1692, watu 19 walinyongwa na mwanamume mmoja alirundikiwa mawe hadi akafa.

Wengine huuliza, kama uchawi haupo mbona kuna Sheria ya Uchawi? Sheria hiyo Waingereza waliitunga mwaka 1928, na isome vizuri: inazungumzia kujidai kuwa na nguvu za siri. Hakuna kifungu kinachokuruhusu kumgusa bibi wa watu. Mwaka 1951 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilishaeleza kwamba kuamini tu kuwa umerogwa hakumwondolei hatia mtu aliyeua.

Na habari ya "twende kwa mganga atuonyeshe" inanikasirisha kweli. Zamani watuhumiwa walinyweshwa mwavi, dawa ya kiapo iliyotokana na gamba la mti. Aliyetapika alisafishwa, aliyekufa alihesabiwa mchawi. Gamba la mti ule lina sumu inayodhuru moyo, kwa hiyo kilichoamua ni kiasi alichokunywa na wepesi wa tumbo lake kukirudisha. Ramli ya leo haina kipimo bora kuliko hicho, na serikali iliwapiga marufuku wapiga ramli Januari 2015 baada ya mauaji ya watu wenye ualbino. Mgonjwa wa vikope akipelekwa huko hurudi na maji ya majani jichoni, nami nampokea akiwa na kidonda juu ya kovu.

Kijana yule sikumhubiria. Nilimpa tochi, nikalishika kope la bibi yake, nikamwambia ahesabu nywele zinazogusa jicho. Alihesabu saba upande wa kulia, akanyamaza. Nikamweleza kwamba kope husawazishwa kwa upasuaji mdogo wa ganzi, haumalizi saa moja, na bibi angerudi nyumbani siku hiyohiyo. Kama kijijini wanagawa azithromaisini, dawa inayoua vimelea vya vikope, nyumba nzima itibiwe, hata wasioumwa. Kiangazi watu huniambia maji hayapo. Lita moja kwenye kibuyu chirizi inaosha nyuso za watoto wa nyumba nzima. Nimewapimia mara nyingi mbele ya macho yao.

Bibi alikuwa amembeba mjukuu mgongoni, umri wa miaka mitatu hivi, amelala, nzi wawili wametua kwenye tongotongo. Kijana alimpokea mtoto kutoka kwa bibi, akaniuliza maji yako wapi.