Kwa nini damu ya matende hupimwa usiku? Maswali na majibu kuhusu saa za magonjwa

Maswali haya huulizwa mara kwa mara vijijini kwetu, kuanzia Kilwa Kivinje hadi Newala, wahudumu wa afya wanapopita na dawa za matende au kuhimiza vyandarua. Ukiyasoma pamoja utaona yote yanauliza jambo moja: ugonjwa una saa yake, na wataalamu waliijuaje?

Swali: Zamani watu wa afya walikuja kututoboa vidole saa nne au saa tano usiku, tumeshalala. Kwa nini hawakuja mchana?

Jibu: Mchana wangeondoka mikono mitupu. Minyoo wakubwa wa matende hukaa kwenye mishipa ya limfu, ile inayopitisha majimaji ya mwili. Watoto wao, vijiminyoo vinavyoonekana kwa darubini tu, ndivyo vinavyozunguka kwenye damu. Mchana hujificha katika mishipa ya mapafu. Usiku hujitokeza kwenye mishipa midogo chini ya ngozi, na huwa vingi zaidi kati ya saa nne usiku na saa nane usiku. Kidole cha mtu yule yule chaweza kutoa damu inayoonekana safi saa sita mchana, na damu yenye vijiminyoo tele saa sita usiku.

Aliyeligundua hili ni Patrick Manson, daktari Mskoti aliyefanya kazi Amoy, China, mwishoni mwa miaka ya 1870. Alipanga damu ya wagonjwa ichukuliwe kwa zamu, mchana na usiku, kisha vijiminyoo vikahesabiwa na kuandikwa kila zamu. Hakuwa na mtambo wowote wa ajabu. Alikuwa na darubini, saa na subira. Tayari alikuwa ameona vijiminyoo vikikua ndani ya mbu, na sasa saa zikaoana: vinapanda karibu na ngozi wakati ule ule mbu anapotafuta damu. Huku kwetu hubebwa na mbu wa malaria, pamoja na yule anayezaliana kwenye vyoo vya shimo na maji machafu. Wote huuma usiku.

Ushahidi unaonigusa zaidi unatoka mbali, visiwa vya Pasifiki kama Samoa. Kule mbu anayeeneza matende huuma mchana, na vijiminyoo vya kule huongezeka kwenye damu mchana. Ugonjwa ni ule ule, lakini saa imefuata mbu wa mahali.

Siku hizi kipo kipimo cha haraka kinachotambua alama za minyoo wakubwa kwenye damu, nacho hufanyika saa yoyote. Lakini anayetaka kuviona vijiminyoo vyenyewe bado hana budi kukesha.

Swali: Vijiminyoo vinajuaje kwamba usiku umeingia?

Jibu: Vinasoma mwili wa mtu vinamoishi. Daktari Stephen Mackenzie wa London alimlaza mgonjwa wake wa matende mchana na kumweka macho usiku. Zamu za vijiminyoo nazo zikageuka, vikawa vingi mchana. Kumbe havifuati giza la nje, vinafuata usingizi na kuamka kwa mwenye mwili.

Na mwili una saa yake wenyewe. Mwaka 1729 Mfaransa Jean-Jacques d'Ortous de Mairan aliweka mmea wa jamii ya kifauongo gizani, akakuta majani yanaendelea kufunguka na kufunga kwa wakati wake ingawa jua halionekani. Ilichukua zaidi ya miaka mia mbili kuonyesha jinsi saa hiyo inavyofanya kazi ndani ya chembe hai. Jeffrey Hall, Michael Rosbash na Michael Young walipata Tuzo ya Nobel mwaka 2017 kwa kuichunguza katika nzi wadogo wa matunda. Aliyechunguza mmea, waliochunguza nzi na daktari wa matende, njia yao ni moja: andika saa, rudia kuhesabu, kisha badilisha jambo moja tu uone kama mpangilio utahama.

Swali: Wazee wanasema homa huja na maembe. Ni kweli?

Jibu: Wazee wameona sawasawa kwamba vitu hivyo viwili hukaribiana. Embe halina kosa. Lindi na Mtwara tuna msimu mmoja wa mvua, takriban Novemba au Desemba hadi Aprili au Mei, na maembe huiva mvua zikianza.

Hesabu mwenyewe. Mvua inanyesha, madimbwi yanajaa. Katika joto letu yai la mbu huchukua kama siku kumi hivi kuwa mbu kamili. Mbu huyo amuume mgonjwa, kisha vimelea vikomae ndani yake, siku nyingine kumi hadi kumi na nne. Ndipo amuume mtu mwenye afya, na homa ianze baada ya wiki moja au mbili, pengine zaidi. Hapo mwezi umepita, na wagonjwa huendelea kuongezeka kadiri mzunguko unavyojirudia. Zahanati ikichora idadi ya wagonjwa wiki kwa wiki, karibu na mchoro wa mvua, pengo hilo huonekana kwa macho. Chandarua kilichotoboka kishonwe kabla mvua haijaanza.

Swali: Mwanangu alichemka juzi, jana akacheza vizuri, leo homa imerudi. Si ni uchovu tu?

Jibu: Mama, mpeleke akapimwe leo. Vimelea vya malaria huzaliana ndani ya chembe nyekundu za damu, na chembe hizo zikipasuka, homa hupanda. Camillo Golgi wa Italia alieleza hilo miaka ya 1880. Kwa aina ya malaria iliyoenea zaidi Tanzania mzunguko huo ni kama saa 48, ila mara nyingi homa yake haifuati ratiba, kwa sababu makundi ya vimelea hayaendi pamoja. Siku ya nafuu haimaanishi amepona. Kwa mtoto chini ya miaka mitano, ndani ya saa 24 awe ameshapimwa.

Swali: Nalala ndani ya chandarua kila siku. Naweza kupata chikungunya?

Jibu: Unaweza. Ugonjwa huu wa homa na maumivu makali ya viungo, unaoenezwa na mbu, ulitambuliwa kwa mara ya kwanza hapa hapa, uwanda wa Makonde upande wa Newala, katika mlipuko wa mwaka 1952 hadi 1953. Juu kule maji ni ya shida, watu huyahifadhi nyumbani, na mbu mweusi mwenye madoa meupe hupenda kutaga penye maji yaliyotulia. Huyu huuma mchana, hasa asubuhi na alasiri. Funika mapipa na mitungi, na usafishe kingo zake kila wiki, maana mayai hugandia pale.

Swali: Je, madafu huleta mabusha?

Jibu: Hapana. Busha linalotokana na minyoo ya matende hujitokeza miaka mingi baada ya kuumwa na mbu mara nyingi, na nani atakumbuka mbu wa miaka kumi iliyopita? Dafu la jana hukumbukwa, basi linabeba lawama. Busha hutibiwa kwa upasuaji, usilifiche.

Swali: Dawa za matende nilimeza mwaka jana. Kwa nini tena mwaka huu?

Jibu: Dawa hizo, ivermectin na albendazole, huondoa zaidi vijiminyoo vilivyo kwenye damu. Minyoo wakubwa wengi hubaki, na huweza kuishi miaka mitano hadi saba wakizaa upya. Tunameza kila mwaka ili mbu wasipate cha kubeba mpaka wale wakubwa wafe kwa uzee. Wasimeze wajawazito, waliojifungua ndani ya wiki moja, watoto wa chini ya miaka mitano na wagonjwa mahututi. Kama uko katika kundi hilo mwaka huu, mwambie mgawa dawa akuandike, umeze awamu ijayo.