Direkta wa tok shoo anafanya nini hasa?

Wengi wanadhani direkta wa tok shoo ndo anayetafuta wageni na kupanga maswali, hapana, hiyo kazi ya prodyuza na timu yake. Direkta yeye anashika picha. Kipindi kikianza humuoni studio, yuko chumba cha pembeni mbele ya ukuta wa skrini, kila kamera na skrini yake, kavaa hedifoni anaongea bila kunyamaza: kamera mbili jiandae, chukua mbili, tatu msogelee mgeni, na jirani yake kuna mtu wa swicha, mashine ya kuchagua picha ya kamera ipi iende hewani, anabonyeza kila namba inapotajwa.

Ugumu uko hapa. Tamthilia ina skripti, unajua nani anafuata kuongea, ila kwenye maongezi hamna anayejua, ukisubiri mtu afungue mdomo ndo uhamishie picha kwake ushachelewa, neno la kwanza limepita watu bado wanamtazama mwingine. Kwahiyo direkta mzuri anamsoma mtu kabla, kavuta pumzi, kasogea mbele kwenye kochi, kamkata jicho mwenzake. Na saa zingine anayeongea sio wa kuonyeshwa kabisa, jamaa akisemwa ukumbini sisi tunataka kuona sura ya anayesemwa! Direkta akipotea anakimbilia shoti pana yenye watu wote, nami nikiona kipindi kimejaa shoti pana huwa namhisi vibaya direkta wake.

Kufika pale ni ngazi, wengi wanaanzia chini, kamera, usimamizi wa sakafu (yaani kuongoza watu mle studio), swicha, au usaidizi wa direkta ambao sehemu kubwa ni kuhesabu muda, sekunde ngapi zimebaki hadi matangazo. Shule inasaidia ila masikio yanajengwa mle mle chumbani.

Mfano ninaoupenda ni Hal Gurnee wa Marekani. Alishafanya kazi na Jack Paar, mtangazaji wa tok shoo wa zamani, baadaye akawa direkta wa mtangazaji mwingine, David Letterman, kwenye Late Night ya televisheni ya NBC iliyoanza 1982. Kile kipindi kilirekodiwa jioni mfululizo kama laivu kikarushwa usiku wa manane, na Letterman alikuwa anamuita hewani wanataniana, hadi watazamaji wakaijua sauti yake. Desemba 1986 walirusha kipindi ambacho picha ilizungushwa taratibu duara zima, katikati ya kipindi watu wako kichwa chini miguu juu! Gurnee alimfuata Letterman kwenye televisheni nyingine, CBS, 1993, alipoondoka 1995 akaingia Jerry Foley, naye akakaa hadi Letterman anastaafu 2015. Yani miaka 33, madirekta wawili tu, maana ukishaizoea pumzi ya mtangazaji mmoja kukubadilisha ni hasara.

Ila mtangazaji akistaafu na wewe kazi ndo imeisha hivyo. Liz Patrick yeye aliwahi kuhama mapema: alidirekti tok shoo ya The Ellen DeGeneres Show miaka mingi, 2021 akahamia kipindi cha vichekesho cha Saturday Night Live, mwaka uliofuata Ellen akafunga kipindi.