Katuni za watoto: je, picha hutangulia sauti?

Wengi huamini kwamba katuni ya televisheni huchorwa kwanza, kisha waigizaji huitazama na kuitilia sauti. Imani hiyo ina msingi: katuni zinazotafsiriwa kwa Kiswahili huwekewa sauti hivyo hivyo, na Japani kurekodi baada ya picha ni desturi ya miaka mingi.

Marekani na Uingereza, kwa kawaida skripti (maandishi ya hadithi na mazungumzo) hutangulia, sauti hurekodiwa, ndipo wachoraji huichezesha midomo kufuata sauti. Kwa hiyo mwandishi haandiki mazungumzo tu. Anaeleza kila tendo: nani anaingia, kashika nini, anaanguka vipi. Ndiyo maana skripti ya katuni ya dakika 11 mara nyingi huzidi kurasa 11, yaani zaidi ya ukurasa mmoja kwa kila dakika. Akiandika "wanafukuzana" tu, mchoraji atabuni mwenyewe na hesabu ya muda itavurugika, na kuchora upya ni ghali mno.

Ukitaka kuhakikisha, tazama midomo kwenye m, b na p, ambazo hazitamkiki bila kufumba midomo. Katuni iliyotanguliza sauti, ikiwa katika lugha yake ya awali, mdomo hufumba papo hapo herufi inaposikika. Katika tafsiri mara nyingi mdomo na sauti hupishana. Chagua katuni inayoonyesha nyuso kwa karibu, maana mdomo wa kufunguka na kufunga tu hautakuonyesha tofauti.